Kufuli la Nje

Jumba walilopanga Halima na mumewe Saidi lilikuwa Al Wukair, nje kidogo ya Doha, na watu walilijua kwa ukuta wake. Mwenye nyumba alizipenda ngome za zamani. Akaujengea ukuta meno juu, jino na pengo, jino na pengo, mpaka ukazunguka jumba zima. Geti lilikuwa la chuma, zito. Iddi, dereva wa teksi aliyepanga chumba cha karibu na geti, alizoea kumuuliza kila mgeni kama amekuja kwa heri au ni Mreno.

Ndani hapakuwa na ngome yoyote. Palikuwa na nyumba ya familia moja iliyokatwakatwa kwa mbao nyembamba ikawa vyumba kumi na viwili. Humo walilala watu ishirini na tisa, Watanzania, Wakenya na Waganda. Jiko lilikuwa moja. Ukitaka kujua nani kapandishwa cheo, nani kaachwa na nani kapata mchumba, ulisimama jikoni saa moja ya jioni ukasonga ugali polepole.

Halima alilipenda jiko lile. Alifanya usafi katika shule ya chekechea mpaka saa saba mchana, na akirudi nyumbani hakuweza kupika bila watu. Mwaka ule, 2013, alikuwa na furaha nyingine pia. Mdogo wake, Sabra, alikuja kutoka Tanga kufanya kazi ya udobi katika hoteli moja ya West Bay. Alikuwa na miaka ishirini na miwili. Mama yao alimkabidhi kwa Halima kwa simu. Alisema maneno machache tu, kwamba amempa macho yake, amtunzie.

Kisha likaja neno. Jikoni ilisemwa kwamba Saidi ameonekana Corniche, barabara ya ufukweni, na mwanamke garini. Saidi alikuwa dereva wa kampuni. Aliapa kwamba alikuwa akimpeleka mhasibu benki, na ilikuwa kweli. Halima hakumtilia shaka mumewe. Alichotaka ni kuujua mdomo uliosema. Akaamua kwamba ni wa Damaris.

Damaris alikuwa Mkenya, mlinzi wa zamu ya usiku katika mnara wa ofisi huko West Bay. Chumba chake kilitazamana na cha Halima, hatua tatu tu za korido. Hakuna aliyemsikia akilisema neno lile. Lakini aliona mengi na alisema machache, na kwa Halima hiyo ilitosha.

Tangu siku ile Halima aliacha kwenda jikoni. Akanunua jiko la umeme, birika na friji ndogo, akapika chumbani. Salamu za Damaris alizipita kama upepo. Wengine wakikaa kula pamoja siku ya Ijumaa, yeye alikula ndani na mlango umefungwa. Saidi alimwambia kwamba ukuta wa mwenye nyumba angalau una mapengo ya kuchungulia, lakini huu anaoujenga yeye hauna hata moja. Halima akamjibu kwamba ndivyo anavyoutaka.

Wakati huohuo wakaguzi wa manispaa walikuwa wakipita mitaani, wakitafuta majumba yaliyokatwa vyumba kinyume cha sheria. Mtu wa mwenye nyumba, yule aliyekusanya kodi, akawafundisha wapangaji hila. Aliyelala mchana afungiwe kwa nje. Mkaguzi akiona kufuli mlangoni, atadhani ni stoo, atapita zake.

Wengi walikataa. Halima alikubali. Sabra, aliyekaa nao chumbani, alirudi kutoka kazini alfajiri, akalala mchana kutwa. Basi kila siku saa kumi na mbili asubuhi, Halima alirudishia mlango, akatia kufuli la shaba, akaondoka na ufunguo kwenye pochi. Sabra alilalamika mara moja. Aliuliza akitaka kwenda chooni itakuwaje. Halima akamwekea ndoo pembeni.

Alasiri moja Damaris alibisha mlangoni. Hakungoja kukaribishwa.

“Halima, huyu msichana unamfungia aje kwa nje?”

“Bibi wewe, leo umetumwa na nani?”

“Sijatumwa. Kazini tumefunzwa mambo ya moto. Dirisha lenu limezibwa na kiyoyozi. Mlango una kufuli. Moto ukiwaka, atatokea wapi?”

“Huo moto utoke wapi? Labda mdomoni mwako.”

Damaris aliimeza ile kejeli. Akaonyesha waya uliopita chini ya mkeka. Waya mmoja mwembamba, na juu yake umebebeshwa kiyoyozi, friji na jiko. Akasema kiyoyozi kinakula stima nyingi, lazima kiwe na soketi yake peke yake ukutani. Akamwambia Halima aushike ule waya kwa mkono asikie ulivyo moto. Halima hakuushika.

Damaris akageuka kutazama meno ya ukuta kupitia dirisha la korido.

“Mwalimu wetu wa kazini alituonyesha picha za ngome za kale,” akasema. “Kuta za meno kama hizi. Geti la chuma linaloshushwa kutoka juu. Mfereji wa maji kuzunguka. Hao ni watu walioogopa adui kuliko wewe. Na bado wengi waliacha mlango mdogo nyuma, wa kutokea wao wenyewe mambo yakiharibika. Wewe umejenga yote, huo mlango umeusahau.”

“Kawaambie jikoni,” Halima akasema. Akafunga.

Ilikuwa Jumatatu moja ya Julai, saa tano asubuhi. Nje lami ilikuwa inanata. Kiyoyozi kilikuwa kimefanya kazi tangu jana bila kupumzika. Chini ya mkeka, ule waya uliyeyuka. Mkeka ukashika moto, halafu pazia, halafu mbao za ukuta.

Damaris alikuwa amelala baada ya zamu. Aliamshwa na kishindo cha mlango. Alipotoka, korido ilikuwa imejaa moshi mweusi, na mlango wa mbele yake ulikuwa unatikisika. Kufuli lilikuwa mahali pake. Sauti ya Sabra ilikuwa inaita dada, dada. Halafu ikaacha kuita.

Damaris alipiga mayowe, Iddi akaja mbio na spana ya gurudumu kutoka kwenye teksi. Alipiga kufuli, halikuvunjika. Akaanza kupiga komeo kwenye mbao. Lilipong’oka, Damaris alishika kitasa kwa mkono mtupu akauvuta mlango, na ngozi ya kiganja ikabaki kwenye chuma. Sabra alikuwa ameanguka kifudifudi nyuma ya mlango. Wakamburuta mpaka uani. Iddi alipiga simu 999, na watu wa zimamoto walifika upesi.

Halima alirudi saa saba na nusu. Alikuta geti wazi na chumba chake cheusi. Ufunguo ulikuwa kwenye pochi.

Hospitalini daktari alieleza kwamba Sabra hakuungua sana, ila moshi umeharibu mapafu. Kilichomwokoa ni kwamba alianguka na mdomo wake ukawa karibu na upenyo wa chini ya mlango. Angebaki amesimama, asingefika hospitali. Iddi alimwambia Halima asiende kuutazama ule mlango. Halima akaenda. Upande wa ndani kulikuwa na mikwaruzo ya kucha. Ilianza usawa wa bega, ikashuka mpaka chini.

Siku ya tatu alimkuta Damaris kwenye benchi la hospitali, mkono umefungwa bandeji. Alikaa kando yake. 

“Nilidhani ni wewe uliyemsema Saidi,” Halima akaanza.

“Ni Iddi. Alikuwa anafanya mzaha. Ungeniuliza ningekuambia.”

“Nisamehe, dada.”

“Leo siwezi. Mkono unaniuma.”

Halima akafuta macho kwa ncha ya mtandio. Akamwomba basi amfundishe yale mambo, hata kama hataki kumsamehe. Damaris alimtazama kuona kama ni maneno tu. Kisha akafundisha, palepale kwenye benchi, kwa sauti kavu ya mtu anayesoma orodha ya zamu.

Alimwambia kwamba moshi huua kabla ya moto. Moshi hupanda juu, kwa hiyo hewa ya kupumua hubaki chini. Ukizingirwa, tambaa, usisimame. Gusa mlango kwa mgongo wa mkono kabla ya kuufungua. Ukiwa wa moto, usiufungue, tafuta njia nyingine. Ukishindwa kutoka kabisa, ziba upenyo wa mlango kwa nguo mbichi, nenda dirishani uite. Ukitoka chumba kinachowaka, vuta mlango nyuma yako ili moto usikufuate. Ukishatoka, usirudi kuchukua kitu, hata pasipoti.

“Na kufuli?” Halima akauliza.

“Mtu hafungiwi kwa kufuli la nje. Mlango wa mtu anayelala ufunguke kutoka ndani, kwa mkono, bila ufunguo. Mkaguzi akija, aje. Akikuhamisha utapata nyumba nyingine.”

Na wakaguzi walikuja kweli, kwa sababu ya huo moto. Jumba likafungwa. Wapangaji wote wakapewa siku chache za kuondoka. Yule mtu wa mwenye nyumba, bingwa wa hila, hakupokea tena simu.

Sabra alisafiri kurudi Tanga mwezi wa Septemba. Kazi ya udobi ilimshinda, mvuke ulimkohoza mpaka akatapika. Kwenye uwanja wa ndege alimkumbatia Saidi, akamkumbatia Damaris. Dada yake alimpa mkono tu. Mama yao alipompokea alimpigia simu Halima, akasema mtoto amefika. Hakusema kingine.

Halima, Saidi na Damaris walihamia Al Wakrah, kwenye nyumba ya watu kumi na mmoja. Huko Halima hakulala kabla ya kukagua. Alimtaka Saidi aondoe makufuli yote, aweke makomeo ya ndani. Madirisha mawili yakaachwa bila kitu, yafunguke. Kila kiyoyozi kikapewa soketi yake. Wakanunua mtungi wa kuzimia moto, ukatundikwa mahali pa wazi. Ijumaa asubuhi, siku ya mapumziko ya huko, kabla ya Wakristo kwenda kanisani Mesaimeer na Waislamu kujitayarisha kwa msikiti, wote walitoka nje kwa mazoezi, wakahesabiwa. Walimtania, wakamwita Bi Zimamoto. Aliitika.

Jiko lilirudi kujaa watu. Maneno yakirushwa, Halima aliyafuata palepale. Alimwendea mhusika, akamuuliza usoni, wakamalizana.

Mwaka uliofuata, mchana mmoja, Millicent, msichana wa Uganda, aliacha mafuta kwenye sufuria yakawaka. Alishika jagi la maji. Halima akamnyang’anya, akamwambia maji kwenye mafuta yanayowaka ni kama kuurusha moto hewani. Alizima gesi, akafunika sufuria na mfuniko. Lakini pazia lilikuwa limeshashika, na moto ulikuwa kati yao na mtungi wa kuzimia. Hakuhangaika nalo. Alimtoa Millicent, akavuta mlango wa jiko, akapita vyumbani akigonga. Damaris alikuwa amelala, na mlango wake ulifunguka kwa kusukumwa tu. Zimamoto walipofika waliwakuta watu tisa barabarani na kandambili zao, wameshahesabiwa. Wawili walikuwa kazini. Jiko liliharibika. Hakuna aliyepata hata mkwaruzo.

Nje pale, Damaris alimgusa Halima begani kwa ule mkono wenye kovu. Ilikuwa mara ya kwanza tangu moto wa Al Wukair.

Jioni Halima alipiga simu Tanga. Safari hii Sabra aliipokea mwenyewe. Halima akamsimulia yote, haraka haraka, kama mtoto anayeonyesha daftari. Upande wa pili kulisikika kupumua kwa shida na kukohoa.

“Damaris alikuwa amelala?” Sabra akauliza.

“Alikuwa amelala.”

“Nani alimfungulia?”

“Mimi. Mlango haukuwa umefungwa.”

Sabra alikohoa tena, kwa muda mrefu. Halima alingoja, simu imebanwa sikioni kwa mikono miwili.

“Vizuri kwake,” Sabra akasema, akakata.