Viazi vya Kache na Paa la Mabati

Asubuhi Dama alipeleka chai na mahamri barazani. Adhuhuri alikwenda kuchukua sahani. Mahamri yalikuwa yaleyale, na nzi wameshakaribishana. Chai ilikuwa imepoa na kufanya utando.

"Baba, hata moja?"

"Nimeshiba, mwanangu."

"Umeshiba nini? Tangu jana hujatia kitu tumboni."

Mzee Kadenge alikitazama kichochoro.

Ndivyo ilivyokuwa nyumba ile ya Mji wa Kale tangu Kache, mke wa mzee na mamake Dama, alipofariki katika mvua za masika. Siku hiyo Mzee Kadenge alirudi kutoka kazini akamkuta amekaa uwanjani mwa nyumba, ameegemea ukuta, sufuria ya viazi mbele yake. Watu walisema moyo umesimama. Wengine walisema ajali haina kinga. Wakazika, wakanywa kahawa, wakaenda zao. Mzee Kadenge aliacha kazi yake ya ulinzi katika ghala moja la Shimanzi, akawa mlinzi wa baraza. Huko barazani hakulinda kitu. Alikonda tu.

Dama alihamia pale na bintiye Winnie, mtoto wa miaka minane, ili amtunze babake. Mumewe alikuwa na kazi ya reli huko Voi, akija mwisho wa mwezi. Kila siku Dama aliziona mbavu za babake chini ya fulana. Aliogopa kuzika mara mbili katika mwaka mmoja.

Jumapili moja Winnie alimvuta kanga.

"Mama, mpikie babu viazi vya bibi. Hivyo hawezi kuvikataa."

Dama aliipangusa mikono kwa kanga hiyo. Kisha akachukua kikapu, akaenda sokoni Marikiti.

Viazi hivyo vilikuwa vya ukoo. Kache alifundishwa na mamake, na Dama alifundishwa na Kache. Viazi huchemshwa kidogo, humenywa, hukatwa vipande vyembamba na kupangwa katika sufuria iliyopakwa samli. Kila tabaka hutiwa kitunguu maji, kitunguu thomu, chumvi na pilipili manga. Kisha humiminiwa tui zito la nazi mpaka viazi vizame. Sufuria huwekwa juu ya makaa machache. Juu hufunikwa kwa kifuniko cha bati, na juu ya kifuniko hupaliwa makaa mengine. Moto wa juu na wa chini hukutana. Tui huwa zito kama siagi, na juu hufanya ukoko wa rangi ya dhahabu.

Lakini lilikuwapo sharti. Kache alilisema kila mara, kidole juu: "Funga mlango, upepo usiingie. Upepo ukiingia, makaa ya juu hushika moto kwa ghafula. Viazi huungua na tui hukatika."

Jiko lao lilikuwa uwanjani, nyuma ya chumba. Ulikuwa uwanja mdogo wenye kuta nne ndefu za mawe na mlango mmoja tu. Tangu zamani ulikuwa wazi juu. Mwaka ule, kabla ya masika, Mzee Kadenge aliuezeka mabati ili mkewe asinyeshewe akipika. Akayabana mabati barabara na kuziba kila upenyo.

Jumapili hiyo mvua ilinyesha. Ilikuwa ile mvua ya mwaka wa tisini na saba, ambayo watu wa Mombasa waliiita Elinino. Dama aliwasha makaa barazani. Moshi ulipokwisha akaliingiza jiko la makaa uwanjani, akaweka sufuria, akapalia, akafunga mlango. Winnie alikaa naye akimhadithia mambo ya shule.

Baada ya muda Winnie aliacha kuhadithia.

"Mama, kichwa chaniuma."

"Ni njaa. Ngoja kidogo."

Dama naye kichwa kilikuwa kikimgonga. Akaona kizunguzungu. Viazi vilipoiva alifungua mlango, akaiweka sufuria kando. Winnie akatapika mlangoni.

Dama alimpelekea babake sahani. Mzee Kadenge alinusa. Mkono wake ulitoka, na Dama akamsogezea sahani.

"Mbona mtoto yuwalia?" mzee aliuliza.

"Ametapika, Baba. Hata mimi kichwa kilinishika pale jikoni."

Mkono wa mzee ulirudi. "Pale pale alipofia mamako," alisema. "Mamako hataki vipikwe. Yuwakataa. Viondoe, Dama."

Dama alivila vile viazi peke yake, na machozi yalimtoka. Aliamini kwamba yeye ndiye mwenye kosa. Pengine alisahau kitu. Pengine mlango haukufungwa sawasawa na upepo ukaingia. Waswahili husema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Dama alilisikia la mkuu. Alilisikia kupita kiasi.

Jumapili iliyofuata mvua ilikuwa ingali inamwagika. Dama alisema atavipika vilivyo, kama mamake. Aliingia na Winnie, akafunga mlango, akachukua kanga kuukuu, akaziba nafasi iliyokuwa chini ya mlango. Hata upepo wa kuzima kibiriti haukupita.

Moshi haukuwapo. Makaa yalikuwa mekundu na mazuri. Tui lilianza kunukia.

Alipogeuka kumwangalia Winnie, alimwona amekaa chini, ameegemea ukuta, macho yamefumbwa. Alikaa vilevile alivyokutwa bibi yake.

"Winnie! We Winnie!"

Mtoto hakuitika. Dama alitaka kusimama, miguu ikakataa. Alitambaa kuelekea mlangoni, mkono ukakigonga kifuniko cha bati. Kikaanguka kwa kishindo, makaa yakatawanyika. Hakufika mlangoni.

Wakati huo Wanza alikuwa akiingia kutoka kazini, mwavuli mkononi. Wanza alikuwa muuguzi, mtu wa Machakos, na alipanga chumba cha juu. Wote walimwita Sista. Alisimama barazani kumsalimu mzee.

"Shikamoo, mzee. Mama Winnie hajambo?"

"Marahaba. Yuwapika uwanjani. Kafunga mlango, ndiyo desturi ya viazi vile."

"Amefunga mlango? Na jiko la makaa liko ndani?"

Kishindo cha bati kilisikika. Wanza aliutupa mwavuli, akakimbia, mzee nyuma yake. Waliusukuma mlango kwa mabega mpaka ile kanga ikaachia.

"Mbebe mtoto, mzee! Mpeleke nje, kwenye hewa! Huo moto uache, watu kwanza!"

Mzee Kadenge, ambaye hakuwa na nguvu ya kunyanyua kikombe, alimnyanyua mjukuu wake akatoka naye mpaka kichochoroni, mvuani. Wanza alimkokota Dama kwa mabega. Dama alikohoa, akafungua macho. Winnie alikuwa akipumua, lakini hakuamka. Mkokoteni uliwafikisha barabarani, na teksi ikawafikisha hospitali.

Huko Winnie aliwekewa hewa ya mtungi puani. Dama alilala kitanda cha pili akimtazama, hawezi hata kulia. Mzee Kadenge alisimama mlangoni. Aliambiwa akae, akakataa. Jioni mtoto alifungua macho akaomba maji. Ndipo mzee alipokaa chini, pale pale sakafuni.

Waliporudi nyumbani, Wanza aliwajia na kukaa nao mkekani.

"Sista, ni nini kilichotupata?" Dama aliuliza. "Baba asema ni marehemu. Mimi sijui tena la kusema."

"Marehemu mwacheni apumzike," Wanza alisema. "Ni makaa. Makaa yakiwaka hutoa hewa yenye sumu. Haionekani na hainuki."

"Lakini moshi uliisha kabla sijaliingiza jiko."

"Hapo ndipo watu wengi wanapokosea. Moshi ukiisha twadhani hatari imeisha. Makaa mekundu yasiyo na moshi hutoa sumu ileile. Ukiwa nje, hupeperuka. Ukiwa mahali palipofungwa, hujaa, nawe waivuta tu."

"Ndiyo maana kichwa kiliniuma?"

"Ndiyo. Kwanza kichwa, kisha kizunguzungu, kutapika, miguu kulegea. Mwishowe usingizi. Mtu hulala asiamke. Watoto, wazee na wajawazito huwahi kuzidiwa. Ukiona dalili hizo, toka nje upesi, watoe na wenzako, kisha nendeni hospitali. Usijilaze humo ndani kidogo uone kama kichwa kitapoa."

"Lakini mamangu alipika hivyo maisha yake yote," Dama alisema. "Hapo hapo uwanjani, mlango umefungwa."

Wanza aliinua macho akautazama uwanja. Alitazama kuta, kisha mabati.

"Na hili paa lilikuwapo maisha yake yote?"

Mvua iligonga mabati.

Mzee Kadenge ndiye aliyejibu, kwa sauti ndogo. "Halikuwapo. Hapa juu palikuwa wazi. Ukipika waona nyota." Akanyoosha kidole kwenye mabati. "Niliezeka mimi, Sista. Asinyeshewe. Masika yakaingia, akapalia viazi, akafunga mlango kama desturi yake. Je, makaa ndiyo yaliyomchukua?"

"Mzee, sikuwapo siku hiyo. Siwezi kukuapia. Lakini siwezi kukwambia hapana."

Mzee alijifunika uso kwa mikono miwili. Tangu mazishi hakuna aliyemwona akilia. Siku ile alilia kwa sauti, na Dama alimkumbatia naye akalia.

"Hukujua, Baba. Ulimfanyia kwa mapenzi."

"Nimelinda mali za watu maisha yangu yote, Dama. Wangu nikamfungia na kifo."

Wanza aliwaacha walie. Walipotulia alisema, "Sharti la marehemu lilikuwa na maana. Kuta zilizuia upepo wa ubavuni, na sumu ilitoka juu. Kosa si mlango peke yake. Kosa ni kwamba pa kutokea hapapo tena. Pikeni nje. Kama lazima iwe hapa, paa liinuliwe na mlango uwe wazi. Na jiko la makaa lisilale chumbani na mtu, hata liwe limefunikwa majivu."

Kesho yake Mji wa Kale uliamshwa na nyundo. Mzee Kadenge alikuwa juu ya ngazi, amevua fulana, aking'oa misumari aliyoipiga mwenyewe. Alisimamisha boriti pembeni, akalipandisha paa juu ya kuta. Kati ya ukuta na mabati aliacha nafasi pana, pande zote nne. Mvua iliyopeperushwa iliingia kidogo. Upepo haukufika chini jikoni, lakini ukiweka mkono juu ya ukuta waisikia hewa ikitoka.

Jumapili Dama alipika tena. Aliuzuia mlango wazi kwa jiwe ili usijifunge. Makaa aliyapalia machache, akayaangalia kila mara. Winnie alikaa barazani, kwani Dama hakumtaka tena karibu na jiko. Hakuna aliyeumwa kichwa. Tui halikukatika.

Mzee Kadenge aliletewa sahani. Aliitazama kwa muda mrefu. Kisha akala. Alikula taratibu, machozi yakimdondoka sahanini, na akakwangua mpaka ukoko.

"Kama vyake, Baba?" Dama aliuliza.

"Chumvi imepungua," mzee alisema. "Lakini ni vyake."

Nje mvua ilizidi. Mzee alinyanyua kichwa, akanusa. Palinukia moshi wa makaa mapya, na hayakuwa yao. Akasimama, akachukua fimbo yake ya ulinzi nyuma ya mlango, akaingia kichochoroni. Mlango wa tatu ulikuwa umefungwa, na dirisha pia.

"Hodi! Hodi hapa!"

Mama mmoja alichungulia, mtoto mgongoni. Nyuma yake, chumbani, jiko lilikuwa jekundu.

"Fungua dirisha, mwanangu. Na hilo jiko litoe barazani."

"Lakini mzee, mvua itaingia!"

"Iache iingie," alisema Mzee Kadenge. "Mimi niliizuia."