Mwali wa Kuazima

Kila asubuhi, kabla ya kengele, Jicho alipitia jikoni mwa shule na kamera ya chama cha mazingira mkononi. Wenzake walimpa jina hilo kwa kuwa hakuna kilichompita. Alikuwa akitengeneza filamu kuhusu mtambo unaogeuza samadi ya ng'ombe kuwa gesi ya kupikia. Ijumaa kamati ya shule ingeitazama na kuamua: mtambo uendelee, au jiko lirudi kwenye kuni.

Jumatano hiyo mpishi alifungua koki, akawasha njiti ya kiberiti. Kimya. Akawasha ya pili, wapi!

“Leo limeninunia,” alisema, akihamishia sufuria kwenye jiko la mtungi wa gesi ya dukani, la dharura tu.

Kasuku, binamu yake Jicho, aliyeshika kinasa sauti, alinong'ona, “Rekodi mwali wa mtungi. Gesi ni gesi. Nani atauliza?”

Jicho akarekodi. Mwali ulitoka safi, wa samawati. Lakini alipoutazama darasani, aliifikiria Ijumaa. Kamati ingepiga makofi, na mpishi angebaki na jiko bubu.

“Naufuta.”

“Una wazimu? Zimebaki siku mbili!”

“Basi tuna siku mbili za kutafuta ugonjwa.”

Walimwita fundi aliyejenga mtambo. Hata kabla ya kugusa koki, aliomba kutazama picha zote za wiki hiyo. Kila siku, nyuma ya mpishi, nje ya mlango, Kasuku alionekana akimwaga ndoo yenye povu katika shimo la kulishia mtambo.

“Ndoo hiyo ina nini, binti?”

“Maji ya kuoshea vyombo, mjomba. Si mlisema unakula mabaki?”

“Mabaki, ndiyo, sabuni, hapana! Umewaua vijidudu wanaotengeneza gesi.”

Kasuku aliichukua ndoo, akaisuuza, akaenda kutafuta samadi mbichi.

Ijumaa kamati iliona jiko lililozimika, ndoo ya povu, na Kasuku akikiri mbele ya kamera huku akikoroga samadi mbichi. Wazee walicheka, kisha wakaupa mtambo wiki tatu. Katika wiki ya pili, njiti moja tu ilitosha.

Mpishi aliinjika sufuria, akamgeukia Jicho.

“Mwanangu, ungewaonyesha mwali wa mtungi, wangekusifu wewe, nami ningerudi kukohoa moshi wa kuni. Ulipokubali kuonyesha kasoro, ndipo tulipopata njia ya kuirekebisha. Anayetaka kutengeneza kitu sharti kwanza aseme ukweli kwamba kimeharibika.”