Mbanda Aliyepiga Simu

Ubao ulikuwa na urefu wa mita nne, na kijia cha soko kuu la Bunia kati ya wauza vitenge na wauza samaki wa chumvi hakiwatoshi hata wanawake wawili wenye vikapu kupishana. Mtu mwenye akili zake angezunguka kwa nyuma. Ephraïm, fundi seremala wa mtaa wa Mudzipela, hakuzunguka. Alipita na ubao begani, akageuka kumsalimia mtu, na ncha ya nyuma ikakumba kamba ya Dorcas, muuza vitenge. Vitenge kumi na viwili vikaanguka kwenye tope la mvua ya jana.

"We papa! Hauna macho?"

Dorcas alikuwa ameruka juu ya meza yake. Alivaa kitenge cha manjano chenye maua ya zambarau, kimeshonwa kikambana kiunoni, na misuko yake myembamba ilikuwa ikirukaruka kwa hasira. Ephraïm alimtazama kutoka chini, vumbi la mbao limemjaa mpaka kwenye nyusi, ovaroli yake ya bluu imepauka magotini.

"Macho niko nayo, mama. Lakini iko mbele. Ubao iko nyuma."

"Unanicheka?"

"Miye? Niko naogopa."

"Nani atafua hivi vitu?"

"Nitafua miye. Nitapiga pasi. Na nitakutengenezea étagère, rafu ya nguvu, ili bapumbavu kama miye bapite bila kukutesa."

Wauza samaki walicheka. Ephraïm akavibeba vitenge, na Dorcas akaapa kwamba hatamwona tena mtu huyo wala mzigo huo. Lakini siku ya nne Ephraïm alirudi navyo, safi, vinanukia sabuni, vimekunjwa vibaya kuliko ambavyo mtoto wa shule angevikunja. Dorcas alijaribu kununa, akashindwa. Akacheka mpaka akakaa chini.

Mapenzi yao yalianzia hapo, na yalikwenda mbio. Asubuhi simu ilikuwa ikilia kabla Dorcas hajaosha uso.

"Chérie, umeamuka?"

"Nimeamuka. Weye unasumbua."

"Ulilalaka vizuri?"

"Nililala muzuri mpaka mutu mumoja alinipigia."

"Niweke basi simu chini?"

"Ukiweka tu, nitakufuata kule Mudzipela na fimbo."

Baada ya miezi mitano Ephraïm alizungumza na kaka yake Dorcas, Jean-Pierre, na siku ikapangwa: Jumamosi watu wa Ephraïm wangekuja kujitambulisha kwa watu wa Dorcas. Ephraïm alikuwa mzaliwa wa Djugu, familia ya wakulima iliyokimbia vita ikabaki na nguo za mwilini. Dorcas alikuwa Mnande, binti wa wafanyabiashara waliohamia kutoka Butembo. Jean-Pierre hakuona tatizo. Dorcas alinunua viatu.

Hapa inabidi tukasirike kidogo pamoja na Dorcas, kabla ya kumkasirikia yeye mwenyewe. Miaka miwili kabla ya ubao ule, alikuwa amechumbiwa na Liévin, dereva wa lori wa njia ya Komanda. Jumapili ambayo mchungaji alitangaza ndoa yao na kuuliza kama kuna mwenye kipingamizi, mwanamke alisimama nyuma kabisa, mtoto mgongoni, akasema kwa sauti laini ambayo kila mtu aliisikia: "Huyu ni bwana yangu." Kanisa zima liligeuka. Na halikumgeukia Liévin! Lilimgeukia Dorcas, kana kwamba yeye ndiye mwizi. Liévin alitoka kwa mlango wa pembeni, na hadi leo anaendesha lori lake bila aibu. Dorcas alibaki na sauti ile, ikimkalia kichwani; kisa chote alikuwa amemsimulia Ephraïm.

Jumatatu ya juma lile la kujitambulisha, Ephraïm alikuja sokoni kukaza rafu ya Dorcas. Aliacha simu yake mezani ikichaji, akaenda kutafuta misumari. Simu ikalia. Kwenye kioo kulikuwa na maneno mawili: BIBI YANGU.

Bunia, bibi ni mke. Dorcas aliichukua, akaiweka sikioni, hakutamka neno.

"Bwana yangu," sauti ilisema, "umenisahau kabisa? Miye niko hapa nakungojea, weye unatembea tu na kale kabinti ka bitenge. Kuya kesho unifunike. Baridi inaniua."

Simu ikakatika.

Tuseme ukweli mapema, ili msomaji asidanganyike pamoja naye. Aliyepiga alikuwa koko Denise, mama mzaa baba wa Ephraïm, mwenye miaka sabini na minane na asiye na meno ya mbele. Ephraïm alipewa jina la babu yake, na mtoto mwenye jina la babu ni bwana wa koko yake tangu siku ya kuzaliwa: hivyo ndivyo utani ulivyo, Djugu, Irumu, Butembo, kila mahali. Kilichohitaji kufunikwa ni kibanda chake katika kambi ya waliokimbia vita, ambacho turubai lake lilichanwa na upepo. Sauti yake inakwaruza, na baada ya kila maneno matano anakohoa.

Dorcas hakusikia kikohozi. Alisikia sauti laini ya msichana wa miaka ishirini, aliyejifunga kanga moja, aliyelala. Angeweza kuapa mbele ya hakimu. Na hasira inayomstahili ni hii: koko wa Butembo aliyemlea Dorcas, hadi siku ya kufa kwake, alimwita Jean-Pierre "bwana yangu" na kumlalamikia kwamba hamtunzi. Dorcas alikua akicheka utani huo. Mambo yote aliyoyahitaji alikuwa nayo kichwani, lakini Liévin alikuwa amekaa juu yake.

Ephraïm alirudi na misumari mdomoni.

"Bibi yako amepiga," Dorcas alisema.

Uso wa Ephraïm ukang'aa. Ukang'aa! Alitema misumari mkononi. "Ah, bibi yangu! Anasema nini?"

"Anasema anakungojea. Anasikia baridi."

"Masikini. Nitaenda kesho." Alimwona Dorcas amekunja uso, akadhani ameingia kwenye mchezo, kama mchumba yeyote anavyotakiwa kuingia, kumwonea wivu koko kwa kuigiza. Naye akaigiza. "Usinune, chérie. Yeye ni wa kwanza, weye utakuwa wa pili. Ana wivu mingi, lakini utamuzoea."

Rafu ilitikisika. Dorcas alikuwa amempiga na kitenge kizima, kilichokunjwa, usoni.

"Muongo! Mushenzi! Batu ba soko, mukuye muone! Njo vile banaume ba kule biko! Banakimbia vita, banaacha babibi yabo mu kambi, kisha banakuya hapa kudanganya babinti ba batu!"

Brigitte, jirani wa meza, aliweka mkono mdomoni. Ephraïm alisimama na alama nyekundu shavuni. Alifungua mdomo kueleza, na maneno yalikuwa tayari, mepesi kabisa. Kisha akaufunga.

"Umesema banaume ba wapi?"

"Ba kule!"

"Sawa," alisema. Aliokota misumari yake, mmoja mmoja, akachomoa simu, akaondoka.

Siku mbili Dorcas alitafuta ushahidi, na mwenye kuutafuta haukosi. Udongo mwekundu kwenye viatu vya Ephraïm kila Jumapili jioni: alikuwa kwa mwanamke yule. Kitenge cha kijani alichonunua bila kusema cha nani: cha mwanamke yule. Hata ile sabuni iliyonukia kwenye vitenge siku ya kwanza! Nani aliyevifua, kama si mwanamke yule?

"Lakini ulimuuliza?" Brigitte alisema.

"Nimuulize nini? Nilisikia na masikio yangu!"

"Mama, miye nilikuwa hapa. Simu yake inalia kama radio. Hata miye nilisikia mutu anakohoa."

"Wasichana hawakohoake?"

Jumatano adhuhuri simu ya Dorcas ililia.

"Dorcas."

"Unataka nini?"

"Kukuambia batu yangu habatakuya tena kujitambulisha Samedi."

Dorcas hakushusha sauti. "Kwani bibi yako amekukataza?"

"Uko na hakika kabisa na ile sauti?"

"Nilisikia na masikio yangu!"

"Basi uolewe na masikio yako. Miye nilikuwa nataka mutu wa kuniuliza. Ungeniuliza neno moja, ningejibu neno moja. Lakini ulinihukumu mbele ya soko, miye na batu ba kwetu bote. Sitajitetea juu ya kosa ya mutu wa lori."

Akakata simu.

Alhamisi, jua likiwa limepanda sawasawa, pikipiki ilisimama mwisho wa kijia. Dereva alimshusha ajuza mdogo kama mzigo wa mayai. Alijifunga kitenge kipya cha kijani, ncha bado ngumu kwa wanga, na kitambaa cheupe kichwani. Alipita kati ya meza kwa mkongojo wake, akiuliza kwa sauti ya kukwaruza meza ya Dorcas iko wapi, hadi akafika.

"Ni weye njo mbanda yangu?"

Mbanda ni mke mwenza, na Bunia nzima wanalijua neno hilo. Soko lilisogea karibu.

"Koko, mimi..."

"Nilipigia bwana yangu, ni weye ulishika simu, ukanyamaza. Ni adabu gani? Miye ni bibi ya Ephraïm." Akakohoa. "Nilisema akuye anifunike, mvua inaingia mu kibanda. Akakuya kesho yake, mardi, akafunika. Alikuwa analia. Miye nilimubeba huyu mutoto mgongoni toka Djugu, tulikuwa tunakimbia, hakulia. Umemufanya nini?"

Dorcas alikuwa akisikiliza sauti. Maneno yalikuwa yale yale, lakini sauti hakuwahi kuisikia maishani mwake. Aliitafuta ile laini ya msichana, na aliipata haraka: ilikuwa ya kanisani, ya mwanamke wa Liévin, vilevile. Uso wake ukawaka. Alitaka kumpiga mtu, na mtu huyo alikuwa yeye mwenyewe.

"Nilisikia vibaya, koko."

"Kwenu habafanyake huu utani?"

"Banafanyaka."

"Basi?"

"Nilisikia mutu mwingine. Mutu wa zamani."

Hasira ya ajuza haikupungua. "Ya kusikia vibaya, nakusamehe. Miye pia kila pikipiki ikipiga kelele nasikia bunduki. Ile ingine, yenye batu ba soko baliniambia ku njia, hapana. Banaume ba kule! Tulikuja hapa na mikono mitupu. Ile neno inatungojea ku maji, inatungojea ku hospitali, ku masomo ya batoto. Mutu anatuangalia, na kabla hatujasema bonjour ameshaona kitu kyake mwenyewe. Na sasa inatoka mu kinywa ya binti anayetaka kuzaa batoto ba kwetu! Uliisemea wapi?"

"Hapa."

"Basi uiondoe hapa. Miye nitakaa." Akajivutia kiti cha Dorcas, akakaa.

Dorcas alisimama. Alianza na Brigitte, akaenda kwa wauza samaki, akaenda kwa wauza viatu vya mtumba, meza kwa meza, akisema sentensi ileile: "Lundi, siku tatu zimepita, nilimutukana Ephraïm na batu ba kwabo. Nilisema uongo. Hana bibi. Kosa ni yangu." Wengine walicheka. Mwanamke mmoja muuza vitunguu alisema, "Lakini si ni vile biko?" na Dorcas akamgeukia kwa ukali uliowashtua wote. "Hapana! Habiko vile! Miye njo nilikuwa vile!" Alirudi mezani amelowa jasho. Koko Denise alikuwa anakula ndizi ya Brigitte.

"Sasa enda kwake," alisema. "Na usiende na hizo macho ya kuona bibi kila mahali."

Karakana ya Ephraïm ilikuwa Mudzipela, kando ya barabara, na moto, yaani pikipiki, zilikuwa zikipita mlangoni bila kukoma. Alikuwa akipiga randa. Alimwona, akaendelea.

"Nimekuya kuomba msamaha," Dorcas alisema. "Juu ya neno ile ya kule, kwanza. Kisha juu ya ingine."

"Nimesikia. Brigitte alinipigia." Randa ilisimama. "Dorcas, miye sikasirike tena. Naogopa. Kesho nitachelewa, utasikia bibi. Keshokutwa nitacheka na mutu, utaona bibi. Nitapigana na Liévin siku ngapi? Simujui hata uso."

Dorcas alifungua mdomo kuahidi kwamba haitatokea tena. Hapo hapo pazia la nyuma lilifunguka, akatoka msichana mrefu aliyevaa gauni jekundu, mabega wazi, anacheka, mita ya kupimia mkononi.

"Ephra, chéri, nimepima. Itaingia tu mu chumba!"

Na ikaja. Moto uleule, kutoka tumboni hadi masikioni. Dorcas aliona kila kitu kwa mara moja: mabega, kicheko, chumba. Ephraïm naye alimwona anavyoona. Alisubiri.

Dorcas alishika ukingo wa meza. Ahadi aliyotaka kuitoa ingekuwa uongo, sasa alijua. Moto haukuwa na nia ya kuondoka kwa kuombwa.

"Ephraïm," alisema, na sauti ikamtoka nyembamba, "huyu ni nani?"

"Élise. Mteja. Anaolewa mwezi ujao. Kila mutu yeye anamuita chéri, hata pasta."

"Na amepima nini?"

"Kitanda."

"Kitanda ya batu ngapi?"

"Babili. Yeye na bwana yake. Bwana yake njo ule ku moto, pale inje, anachoka kungoja."

Dorcas aligeuka. Kijana mmoja aliyekaa juu ya pikipiki alimpungia mkono. Alivuta pumzi. Moto ulikuwa bado upo, lakini mdogo kuliko jibu.

"Umeuliza," Ephraïm alisema polepole.

"Nimeuliza. Na nitakuuliza tena. Nitakuuliza mpaka uchoke."

"Nitajibu mpaka uchoke."

"Élise," Dorcas alisema, bila kumwondolea Ephraïm macho, "samahani, dada yangu. Kitanda yako itachelewa kidogo. Huyu fundi atatengeneza ya kwetu kwanza."