Nichukue Mimi, Umwache Zaleha

Suraya, binti wa jirani yetu hapa Pasir Puteh, hapendi kuulizwa habari za shule. Haya nilisimuliwa na mama yake.

Ilikuwa Ijumaa, siku ya kufua. Wasichana wa bwenini walikuwa wakianika sare huku wakitaniana. Zaleha, mdogo wake Suraya, alikuwa amevunja ungo asubuhi ile, na wenzake hawakumpa nafasi.

"Mwali huyo! Tutafutie shemeji basi!"

Zaleha aliona haya. Pedi yake hakuiosha kwanza, kama wakubwa walivyomfundisha, ili harufu ya damu isimwite bibi wa migombani. Aliitupa vilevile, yenye damu, kwenye migomba nyuma ya bweni.

Alasiri, akiwa kitandani, alianza kucheka. Walidhani ni mzaha. Kisha kicheko kikawa kizito, cha ajuza asiye na meno. Msichana wa kitanda cha jirani akapiga yowe. Akafuata mwingine. Bweni zima likawa mayowe matupu.

"Ni hofu ya mitihani tu hii," alisema Mwalimu Rohani, akiwarushia maji usoni.

Wengine walitulia. Zaleha hakutulia. Alikataa wali. Alikataa maji, hadi midomo ikampasuka. Alichotaka ni kwenda migombani tu. Mganga aliitwa, akamtazama, akaondoka bila kuaga. Mafuriko yakafunga barabara ya nyumbani. Siku zikapita, Zaleha akabaki mifupa.

Suraya alimshika mikono. Ilikuwa baridi.

"Leha, mdogo wangu, unanisikia?"

"Leha hayupo," ile sauti ikanong'ona. "Damu yake tamu."

Suraya alilia hadi sauti ikamkauka. Hakuwa na pa kukimbilia. Akamwinamia sikioni.

"Bibi, nakusihi. Huyu bado mtoto. Nichukue mimi, umwache Zaleha."

Zaleha akafumbua macho. "Dada, nina njaa."

Maji yalipopungua, mama yao alikuja kuwachukua. Zaleha alikuwa mzima, akipiga soga njia nzima. Suraya hakutamka neno. Nyumbani, mama alimvua ushungi ili amwoshe nywele.

Nywele zilikuwa zimesukwa mikia midogo midogo, imelowa utomvu wa mgomba. Kila ncha imefungwa kwa unywele mweupe, mrefu kuliko Suraya mwenyewe.

Mama alizifumua zote, akazichoma zile nyeupe jikoni.

Asubuhi alizikuta nywele za Suraya zimesukwa tena.