Tundu Kichwani mwa Mwalimu Novatus

Maiti ya mwalimu mstaafu Novatus Bundala ilikutwa asubuhi imekaa kitini, ndani ya ghala la pamba la ushirika pale Malampaka, lililofungwa tangu wanunuzi binafsi waingie. Utosini palikuwa na tundu la mviringo, limefunikwa kwa bandeji safi.

Inspekta Masele alichuchumaa, akanusa. Dawa ya vidonda. Mikono haikufungwa. Nywele zilinyolewa kwa uangalifu. Muuaji gani humsafisha kidonda anayemuua?

Akaenda kwa mjane.

"Mwangaluka, mama. Pole kwa msiba. Mzee alikuwa na adui?"

"Hakuwa naye," Philomena alijibu. "Aliyemtesa ni yeye mwenyewe. Alifunga siku tisa bila kula. Akakaa juani mpaka akazimia. Alisema akili imefungiwa ndani ya fuvu; ikipata upenyo, mtu ataona yaliyofichika."

"Nani alikuwa anamsikiliza?"

"Mihayo. Tabibu wa ile zahanati mpya ya binafsi."

Mihayo alimpokea Masele akiwa na kofia ya sufu, na jua lilikuwa linachoma.

"Vua kofia."

"Nasikia baridi, afande."

"Vua."

Utosi ulikuwa umenyolewa, ukachorwa duara kwa dawa ya zambarau.

"Kumbe ulikuwa unafuata wewe," Masele alisema. "Nani angekutoboa?"

"Yeye, akishapona." Mihayo akakaa chini. "Tulikubaliana aanze yeye. Nilimchoma sindano ya ganzi, nikamtoboa. Sikutaka afe, afande. Nilitaka kujua kuna nini huko."

"Ulimtoboa saa ngapi?"

"Saa saba mchana."

"Akafa?"

"Saa kumi na mbili jioni."

"Saa tano nzima. Kwa nini hukumkimbiza hospitali ya Maswa?"

"Alikuwa bado anasema. Ningembeba, angenyamaza. Nilikuwa naandika kila neno."

Akatoa daftari mfukoni. Masele akalifungua. Kurasa tatu za mwandiko wa haraka haraka, na karibu kila mstari ulikuwa na neno lilelile.

"Maji," Masele akasoma. "Maji. Philomena, maji." Akainua macho. "Ulimpa?"

Mihayo alitikisa kichwa.

"Nilidhani ni fumbo."

Masele akatoa pingu.