Mlima wa Moto wa Kisarawe

Saa moja na dakika ishirini asubuhi, Jumapili ya tarehe 27 Mei 1956, lori la kijani lilikuwa limesimama mbele ya duka la Mhindi pale Kibaha, na watu kumi na wanane walikuwa wakigombea mabenchi mawili yaliyofungwa kwa kamba ndani yake. Ubavuni mwa lori palibandikwa karatasi iliyoandikwa kwa mkono: Matembezi ya Siku Moja, Milima ya Moto na Maporomoko ya Maji, Kisarawe, pamoja na Kiongozi.

Benedikta aliisoma karatasi ile mara mbili. Alikuwa na miaka ishirini na minne, mwalimu wa jiografia katika shule ya wasichana huko Kisarawe, na mwisho wa juma alikuja Kibaha kwa kaka yake Andrew, msimamizi wa vibarua wa barabara. Alizaliwa Kilema, ubavuni mwa Kilimanjaro. Alijua mlima wa moto ni kitu gani, na alijua kwamba wilaya nzima ya Kisarawe haina hata mmoja. Alipanda lori kwa sababu moja tu: alitaka kumwona mwandishi wa karatasi ile.

Kiongozi alikuwa kijana mrefu aliyevaa shati jeupe na kaptula ya kaki iliyopigwa pasi mpaka mikunjo ikasimama wima. Alijitambulisha kwa abiria kuwa anaitwa Wilbrod, karani wa idara ya misitu siku za kazi na kiongozi wa matembezi siku za Jumapili. Alipofika kwa Benedikta aliangalia gauni lake la buluu lenye ukosi mweupe, akaangalia na viatu vyake vya mikanda, akamwambia kwamba njia ya maporomokoni ina matope.

"Na mlima wa moto?" Benedikta akamuuliza. "Huko nako kuna matope, au kuna moto?"

"Moto ulizimika zamani, dada."

"Zamani gani?"

Wilbrod akacheka, akaenda kukaa karibu na dereva.

Lori lilipita barabara ya Pugu, likapanda vilima, na saa nne wakateremka kwenye machimbo ya udongo mweupe. Mapango yale yalikuwa yamechimbwa tangu wakati wa Wajerumani. Kuta zake zilikuwa nyeupe kama unga, na aliyezigusa alitoka na mkono mweupe. Wilbrod alisimama juu ya jiwe, akawaeleza kwamba yale ni majivu ya mlima uliolipuka kabla ya babu zetu. Wanawake wawili kutoka Misugusugu wakaguna kwa hofu. Benedikta alifinyanga donge dogo kwa vidole, akalilowesha kwa mate, akalitazama, kisha akasema kwa sauti ya darasani kwamba majivu ya mlima hayanati namna ile, na kwamba huo ni udongo wa kufinyangia sahani.

Watu wakamgeukia kiongozi wao. Kijana wa watu hakubisha. Alisema kwamba mwalimu huenda anasema kweli, akawaongoza kwenye maporomoko.

Maporomoko yenyewe yalikuwa maji ya kijito yaliyoruka mwamba wa kimo cha watu wawili. Ilikuwa mwisho wa masika, kwa hiyo yalikuwa na sauti. Abiria walivua viatu, wakanawa nyuso, wakala mihogo ya kuchemsha. Wilbrod alimfuata Benedikta pale alipokaa peke yake.

"Umeniharibia mlima wangu," alimwambia.

"Hukuwa na mlima."

"Watu hawatoki Kibaha kuja kutazama udongo, mwalimu. Wakiambiwa moto, wanakuja. Wakishafika wanaona msitu, wanaona maji, wanafurahi. Nani ameumia?"

"Aliyeamini."

Wilbrod alimtazama. Halafu akatoa penseli mfukoni, akamwomba amwandikie jina sahihi la udongo ule. Benedikta aliandika, akaongeza jina lake mwenyewe na la shule. Baadaye alijiuliza kwa nini aliongeza.

Juma lile lile simu ililia ofisini kwa mwalimu mkuu, mama wa Kiingereza aliyeruhusu kila mwalimu dakika tatu. Ilikuwa idara ya misitu. Wilbrod alisema anataka kuuliza jambo la kitaalamu kuhusu miamba. Dakika mbili zikaenda kwa miamba. Ya tatu akauliza kama mwalimu hutembea Jumamosi jioni.

Wakatembea. Mwezi wa Juni waliuzunguka mji wa Kisarawe kutoka bomani hadi ukingo wa msitu, na Benedikta akajua kwamba kijana huyu anaweza kutaja mti kwa gome lake, kwamba anaimba vibaya kanisani na hajali, na kwamba yeye mwenyewe amekwisha kuanza kuisikiliza simu kabla haijalia. Wilbrod alimwita mwalimu wangu mbele za watu, na mpenzi pasipo watu. Juu ya familia yake alisema machache: baba yake Mkristo, aliyempeleka kubatizwa, amekwisha kufa, na ndugu zake wengine ni Waislamu. Benedikta aliyaona machache hayo. Mtu aliyetunga mlima mzima, alijiambia, anaweza kutunga na mengine.

Mwanzoni mwa Julai ilikuja barua ya idara ya elimu. Shule ya wasichana karibu na Moshi ilihitaji mwalimu wa jiografia kuanzia Septemba, na jina lake lilipendekezwa. Jibu lilitakiwa kabla ya tarehe 31. Alimwonyesha Wilbrod barua ile. Wilbrod aliisoma pole pole, akamrudishia.

"Usijibu bado," alisema. "Nipe mpaka mwezi ujao. Nina jambo la nyumbani lazima nilimalize kwanza, ndipo nitakuwa na uso wa kukuambia neno."

"Jambo gani?"

"La nyumbani."

Jumamosi ya tarehe 14 Julai Benedikta aliingia dukani pale Kisarawe kununua chaki, akamkuta Wilbrod kwenye kaunta. Mbele yake palikuwa na jozi mbili za kanga, shanga za kiunoni, chupa ya marashi na mafuta ya nazi. Alimsalimu kwa haraka, akasema vitu ni vya mtu wa nyumbani, akafunga furushi, akatoka. Benedikta alisimama mlangoni akamwona akivuka barabara na kuingia nyumba ya makuti nyuma ya soko, bila kubisha hodi.

Nyumba ile aliijua. Ilikuwa ya Bi Mwanakheri, mke wa Mashaka mkulima, na mtoto wao Tatu, mwenye miaka kumi na minne, alikuwa mwanafunzi wake hodari wa ramani mpaka mwezi wa Februari. Tangu hapo kiti chake kilikuwa kitupu. Shule iliambiwa yuko Kurui kwa bibi yake.

Jioni alimsimulia mwalimu mwenzake, Redempta, mtu wa Songea aliyekaa Kisarawe miaka mitatu. Redempta alishangaa kwamba hajui.

"Tatu hayuko Kurui. Amewekwa ndani. Ni mwali. Hapa msichana akivunja ungo hufungiwa chumbani, hatoki, haonwi, mpaka siku ya ngoma. Wengine hukaa mwaka."

"Na anayempelekea kanga na shanga?"

"Nani mwingine, mwenzangu? Atakayemwoa."

Benedikta hakulala vizuri, ila asubuhi alikuwa ametulia kabisa. Alikuwa na mambo manne aliyoyaona kwa macho yake au kuyathibitisha: vitu, nyumba, msichana, na jambo la nyumbani lenye mwisho mwezi ujao. Yaliungana bila kulazimishwa. Baada ya misa alimsubiri Wilbrod nje ya kanisa, akamwuliza swali moja.

"Ndani ya nyumba ile kuna nani?"

Wilbrod aliangalia huku na huku. Wazee wawili walikuwa wakipita. "Siwezi kusema."

"Huwezi au hutaki?"

"Habari ile haisemwi kwa mgeni, Benedikta. Subiri siku yake ifike."

"Mimi mgeni?"

"Si kwangu. Kwa nyumba ile."

"Basi mgeni hana haja ya kusubiri."

Jumatatu ya tarehe 16 aliandika kwamba anakubali kwenda Moshi, akaipeleka barua posta mwenyewe. Simu ilipolia ofisini juma lile alimwomba mwalimu mkuu aseme yuko darasani. Ililia mara tano. Halafu haikulia tena.

Kilichobaki kilikuwa Tatu. Kumpoteza mwanamume ni jambo moja, alifikiri, lakini kumwacha mtoto wa miaka kumi na minne aolewe na mwongo ni jambo jingine. Aliposikia kwamba ngoma ya kumtoa mwali ni Jumamosi ya tarehe 11 Agosti, alivaa gauni lake la kijivu la ukaguzi, akachukua daftari, akaenda. Alikusudia kuandika kila atakachokiona, kisha akiwasilishe bomani.

Uwanja ulikuwa umejaa wanawake waliofunga kanga za rangi moja, na ngoma zilisikika tangu sokoni. Bi Mwanakheri alimwona akiwa amesimama na daftari lake kama mpima ardhi, akamjia. Alikuwa mwanamke mnene mwenye sauti ya mzaha.

"Shikamoo, dada," Benedikta alisema.

"Marahaba, mwalimu. Umekuja kuhesabu watu?"

"Nimekuja kujua Tatu anaolewa na nani."

Bi Mwanakheri alimwangalia vizuri zaidi, mzaha ukapungua. "Haolewi. Mume alikuwepo, mtu wa makamo, ana mikorosho mingi. Wazee wa upande wa baba yake walishamkubali. Alitaka agharimie ngoma yote, na hapa kwetu ukishakula gharama ya mtu huwezi kumnyima mtoto. Mjomba wake akakataa. Akasema kila kitu cha mwali atanunua yeye, hata mafuta, ili mtu yeyote asiwe na neno. Tukanyamaza mpaka leo, maana yule bwana angejua tunakopata vitu angewahi kutuletea vyake. Jumatatu mtoto anarudi shule. Ndiyo amri ya mjomba."

"Mjomba wake ana amri kuliko baba yake?"

"Kwenu sijui. Kwetu mtoto ni wa mjomba."

"Na huyo mjomba ni nani?"

Vigelegele vilipasuka. Mlango ulifunguliwa, na Tatu akatolewa nje, amepakwa mafuta, amevishwa shanga, macho ameyainamisha. Alikuwa amekaa juu ya mabega ya mwanamume aliyefungwa kanga mpya kiunoni. Mwanamume huyo alikuwa Wilbrod.

"Yule," Bi Mwanakheri akasema. "Mdogo wangu. Tumbo moja, baba mbalimbali. Mbona umekaa chini, mwalimu?"

Benedikta hakuandika kitu. Saa kumi na moja jioni, watu walipopungua, Wilbrod alimkuta kwenye gogo nyuma ya nyumba. Mabega ya shati lake yalikuwa yamelowa mafuta ya nazi.

"Nilikuwa na mambo manne," Benedikta alisema, "na yote yalikuwa kweli. Nilichohitimisha ndicho kilichokuwa uongo. Nakuomba radhi."

"Ungeniuliza."

"Nilikuuliza."

Alifikiri. "Kweli, uliuliza. Na mimi ningetafuta namna ya kukujibu. Kwa mtu aliyekukuta unauza mlima wa uongo, kunyamaza hakufai."

"Nimekwisha kukubali Moshi, Wilbrod. Barua ilikwenda tarehe 16."

"Irudishe."

"Mlango huo umekwisha kufungwa. Mwalimu mpya wa hapa amekwisha kupewa tarehe ya kuanza kazi."

Wilbrod alikaa kando yake. Kisha akasema kwamba neno alilotaka kumwambia mwezi ule bado analo, na kwamba Moshi ina barabara. "Nataka kukuoa. Sema kama nitume mtu au nisitume."

"Utamtuma kwa nani? Baba yangu yuko Kilema."

"Kaka yako yuko Kibaha."

"Kaka yangu hamwamini mtu."

"Nimeona ni ukoo mzima," Wilbrod alisema, na kwa mara ya kwanza tangu Julai Benedikta akacheka. Akamwambia atume.

Jumatatu ya tarehe 13 Tatu alikuwa darasani, akichora mto Ruvu kutoka chanzo hadi bahari.

Jumapili ya tarehe 2 Septemba, siku moja kabla ya basi la Moshi, mzee aliyevaa kanzu na koti jeusi alibisha hodi kwa Andrew huko Kibaha, akiwa na kijana mmoja mchukuzi wa fimbo yake. Alijitaja kuwa Mwinjuma. Alileta posa ya Wilbrod. Andrew, aliyekuwa amevaa tai kwa ajili ya shughuli hiyo, hakumkaribisha kiti. Benedikta alisikiliza kutoka chumba cha pili, sanduku lake likiwa limekwisha kufungwa.

Andrew aliuliza mzee huyu ni nani kwa mwoaji. Akajibiwa ni kaka wa mama yake. Akauliza upande wa baba uko wapi, na kwa nini mtu mzima mwenye nia njema anamtuma mtu wa upande wa mama. Alisema kwa adabu, lakini alisema wazi, kwamba kwao Kilema posa ya namna hiyo inarudishwa mlangoni, kwa kuwa ni dalili kwamba ukoo umemkana kijana au kijana anauficha ukoo. Mzee Mwinjuma alijibu kwamba yeye ndiye ukoo. Andrew akasema haelewi.

Hapo Benedikta alitoka chumbani, jambo ambalo msichana anayeposwa halifanyi. Alimwamkia mzee, kisha akamgeukia kaka yake.

"Kaka, usimrudishe. Kwao mwenye mtoto ni mjomba. Angekuja mtu wa upande wa baba, ndipo ungekuwa na haki ya kushuku."

"Umeambiwa na nani?"

"Sikuambiwa. Nimeona."

Andrew alimtazama dada yake, akamtazama mzee, akamtazama tena dada yake. Akamuuliza kama ana hakika. Benedikta akasema anayo. Andrew alivuta kiti cha mkono, kile anachokalia mwenyewe, akakifuta vumbi kwa kiganja.

"Karibu ukae, mjomba," alisema. "Nitamwandikia baba leo."

Mzee Mwinjuma akakaa.