Dole Langu Lilimfukuza Mwalimu Marwa

Mwaka ule sisi wa kijijini tulikula ugali wa muhogo kwa mlenda usio na chumvi, na vijana wa machimboni wakala kuku wa kukaanga saa mbili asubuhi! Ndivyo dhahabu ilivyotugawa huku Kemambo. Nilikuwa na miaka sitini na mitatu, mjane, shule niliishia darasa la kwanza. Haya ananiandikia mjukuu, lakini maneno ni yangu.

Shule yetu ya wazazi ilikuwa na walimu wanane. Watano wakatupa chaki wakaenda kuchimba. Wakabaki watatu kwa madarasa saba... Mmoja wao alikuwa Marwa, kijana wa Kenyamonta, mwalimu wa hesabu. Alipanga kwangu, na kila asubuhi shikamoo yake ndiyo ilinitoa kitandani.

Marwa akasimama kwenye mkutano wa wazazi, akasema mwalimu mkuu hataki kuajiri wengine. Watu wakapiga makofi. Mwalimu mkuu akanuna.

Mimi nilikuwa mjumbe wa kamati ya shule, mwanamke peke yangu. Nilitamba, jamani! Hata gulioni nilipita kifua mbele.

Basi siku mjukuu wangu wa kiume ametoka kutahiriwa, ua umejaa watu, nimejipaka unga usoni, nacheza, mwalimu mkuu akaja na karatasi na wino. Akasema, “Mama mjumbe, weka dole hapa, ni mambo ya kamati tu.” Nikaweka. Nani asomewe karatasi siku kama ile? Na Marwa mwenyewe alikuwa pale pale, amemshikia mjukuu wangu mwavuli, jasho linamtiririka!

Wiki iliyofuata Marwa akafukuzwa, eti mtoro wa machimboni. Akashtaki, akashinda. Shule ilileta ile karatasi yenye dole langu, lakini hakuna mjumbe aliyekwenda kuisemea. Shule ikakata rufaa, na safari hii wakanitaka mimi nikaape.

Ndipo niliposomewa karatasi ile. Kumbe iliandikwa kwamba kamati tulikaa siku ile ile ya sherehe, tukamwita Marwa ajitetee, akakataa kuja!

Marwa akanifuata jikoni. “Bibi, siku ile nilikuwa kwako. Sema hivyo tu.”

“Mura, kijana wangu, unataka nikajiite mjinga mbele ya watu?”

Akacheka. Alidhani natania...

Mahakamani nikaulizwa kama kikao kilikaa. Nikasema, “Tulikaa.” Marwa alinitazama, kisha akainamisha kichwa. Shule ikashinda rufaa.

Mtoro wa kuandikwa na mahakama, nani angempa kazi? Akaingia duarani, kwenye shimo la dhahabu, kazi ile ile aliyosingiziwa. Masika ikaja, shimo likaporomoka. Walimtoa siku ya tatu. Mama yake alipokuja kutoka Kenyamonta alinishika mikono, akanishukuru kwa kumtunza mwanawe. Alinishukuru!

Nilirudi mahakamani niseme ukweli. Karani akaniuliza mwenye kesi yuko wapi. Nikasema amekufa. Akafunga jalada, akaita mwingine.

Wale walimu wawili nao wakaondoka. Watoto wa darasa la saba wakaenda kuosha mchanga wa dhahabu, mikono ndani ya zebaki. Shule ilishinda kesi... haina wa kufundisha!

Wanawake wenzangu, mlio na cheo kidogo kama changu, nawasihi, msione aibu kusema “sijui kusoma, nisomee.” Kuitwa mjinga kunauma siku moja. Hili langu nalala nalo, naamka nalo, na hakuna wa kumwomba msamaha. Aliyestahili kunisamehe yuko chini ya udongo.

Juzi mwalimu mkuu alikuja na karatasi nyingine. Wanataka kuwapa wachimbaji uwanja wa shule.

Nikamwambia, “Sikukaa kikaoni, siweki dole.”

“Bibi, wenzako wote wameshaweka. Limebaki lako tu, na hata usipoweka watachimba. Au unadhani utamfufua Marwa?”

Simfufui. Na kuchimba watachimba, najua.

“Sikukaa kikaoni, siweki dole.”